Deni la Msanii kwa Mji Wake

Mji una maisha kama mtu. Huzaliwa, hukua, huugua na kupona. Na wakati mwingine hufa ukazikwa chini ya miti, hata mpita njia asijue kuwa anakanyaga sebule ya watu. Lakini mtu ana kinywa cha kueleza yaliyompata, na mji hauna. Mji husemewa na wakazi wake: wazee kwa hadithi zao, waandishi wa historia kwa vitabu vyao, na wasanii kwa sanamu na picha zao. Wazee na waandishi wamekwisha sifiwa mara nyingi, na wanastahili. Katika insha hii nataka tumfikiri huyu wa tatu. Mtu aliyejaliwa mkono wa kuchonga au jicho la kuchora ana deni gani kwa mji uliomlea, hasa mji huo unapogeuka upesi mbele ya macho yake?

Swali hili halikuwekwa kwa watu wa miji mikubwa peke yao. Msomaji aliyeko Kibarani, jirani na mji wa Kilifi, analo mlangoni pake. Akivuka hori la bahari kwenda upande wa kusini atafika Mnarani, penye magofu ya msikiti na makaburi ya nguzo, na maandishi yaliyochongwa katika mawe ya matumbawe na mafundi ambao majina yao hayakutufikia. Mji ule ulihamwa karne nyingi zilizopita. Kabla ya mwaka 1991 aliyetaka kuvuka hori hilo kwa gari alingoja feri. Tangu mwaka huo anapita juu ya daraja, na kivuko kilichokuwa na kelele mchana kutwa kikapoa. Kiwanda cha korosho kilichoanza kazi Kilifi katika miaka ya 1970 kilifunga milango yake katika miaka ya 1990. Mahali palipokuwa chuo cha kilimo pamesimama Chuo Kikuu cha Pwani, kilichopata hati yake mwaka 2013. Kaskazini, njia ya Malindi, ndipo yalipo magofu ya Gede, mji wa mawe uliomezwa na msitu, ambao mtaalamu James Kirkman alianza kuufukua mwaka 1948. Mtu mmoja, katika maisha yasiyo marefu, anaweza kuona kivuko kinakufa, daraja linazaliwa, kiwanda kinafungwa na chuo kinafunguliwa. Mabadiliko ya jinsi hii humfurahisha mmoja na kumliza mwingine siku hiyo hiyo.

Mbele ya mabadiliko hayo msanii ana njia tatu. Njia ya kwanza ni kuuza kivuli cha kale: achonge na kuchora mambo yaliyopita kama kwamba hayakupita, mitende, majahazi na machweo, kwa sababu hayo ndiyo anayoyataka mgeni mwenye fedha. Njia ya pili ni kuusifu upya: achore kila jengo jipya kama neema, wala asiulize nani alihamishwa ili jengo lisimame. Njia ya tatu ni kuwa shahidi: aseme lililokuwapo, lililopo, na lililopotea katikati. Maoni yangu ni kuwa njia ya tatu peke yake ndiyo inayolipa deni. Lakini njia hiyo ina miiba, na si haki kumsifia mtu njia bila ya kumwonyesha miiba yake.

Tuanze na mfano ulio karibu. Wagiriama, na baadhi ya ndugu zao wa Mijikenda, wana kazi ya sanaa iitwayo kigango. Ni ubao mrefu wa mti mgumu, wenye kichwa na kiwiliwili, uliopambwa kwa pembetatu ndogo ndogo zilizokatwa kwa mpango na kutiwa rangi. Huchongwa kwa ajili ya mzee wa chama cha Gohu aliyefariki. Asiyekuwa wa chama hicho husimamishiwa koma, kijiti kidogo kisicho na mapambo mengi. Sharti lake kuu ni hili: kigango kikisha kusimamishwa, hakiondolewi. Ukoo ukihama kutafuta ardhi mpya, kigango hubaki pale pale. Mvua hukinyeshea, jua hukikausha, mchwa hukila, hata kirudi katika udongo kilimotoka mti wake.

Fikiri, msomaji, hekima iliyomo katika sharti hilo. Watu waliolifanya walijua vyema kuwa makazi hubadilika, maana wao wenyewe walihama mara kwa mara. Hawakujaribu kuyazuia mabadiliko. Waliacha nyuma yao kitu kimoja kisichohama, ili ardhi ile iendelee kusema kuwa hapa alikaa mtu fulani, na watu wake walimheshimu. Kwa hiyo katika kigango mna mambo matatu yanayoifanya sanaa kuwa ushahidi. Kwanza kina jina: mchongaji hakuchonga mtu yeyote tu, alichonga mzee anayejulikana na jamaa zake. Pili kina mahali: kikiondolewa pale hupoteza maana yake, kama vile jiwe la mpaka likihamishwa huwa jiwe tu. Tatu hakina bei: hakikuchongwa kwa soko.

Sasa tazama yaliyotokea. Katika miaka ya 1970 na 1980 watalii na wafanya biashara wa vitu vya kale walivitamani vigango, na vingi vikang'olewa usiku na kuuzwa. Walioving'oa hawakuwa wageni siku zote. Wengine walikuwa vijana waliozaliwa karibu, waliobanwa na haja ya fedha. Vigango hivyo vilivuka bahari, vikasimamishwa katika nyumba za matajiri na majumba ya makumbusho ya Marekani, vikaitwa sanaa nzuri. Uzuri ulionekana, jina na mahali vilipotea. Mwaka 2014 jumba la makumbusho la Denver lilitangaza kuwa litarudisha vigango 30, na vilirudi Kenya mwaka 2019. Mwaka 2023 jumba la jimbo la Illinois lilirudisha vingine 37. Hilo ni jambo la kushukuru. Lakini kurudi nchini si sawa na kurudi mahali pake. Ni vigumu kujua kila kimoja kilitoka boma gani, kwa sababu mwizi hakuandika jina la mzee, na mnunuzi hakuuliza. Wahenga walisema, mali bila ya daftari hupotea bila ya habari. Na hapa daftari lilikuwa ile ardhi yenyewe.

Wasanii wa zama zetu hawakulinyamazia jambo hili. Wale wa kikundi cha The Nest cha Nairobi, na wenzao wa kikundi cha SHIFT, walishirikiana na Makumbusho ya Taifa ya Kenya na majumba mawili ya Ujerumani, la Cologne na la Frankfurt, kuorodhesha vitu vya Kenya vilivyo katika nchi za nje. Walipata zaidi ya vitu 32,000. Mwaka 2021 walipofanya maonyesho yao Nairobi, waliweka makabati ya vioo yasiyo na kitu ndani. Pengine utasema kuwa kabati tupu si sanaa. Nami nakuuliza: mama aliyepotelewa na mwana akiendelea kuandaa sahani yake mezani, sahani ile tupu haisemi? Miongoni mwa vitu visivyokuwamo katika nchi ni ngadji, ngoma kuu ya Wapokomo wa mto Tana, iliyochukuliwa wakati wa utawala wa Kiingereza, na iliyo katika jumba la makumbusho la London tangu mwaka 1908. Utupu wa kabati ulikuwa ushahidi wa kweli kuliko nakala ya ngoma iliyochongwa upya ingalivyokuwa. Maana nakala ingalitudanganya kuwa hatukupoteza kitu.

Tutoke Nairobi, turudi Malindi. Hapo pana nguzo mbili za kumbukumbu zinazostahili kutazamwa pamoja. Moja imesimama ufuoni juu ya mwamba, nayo ni nguzo ya Vasco da Gama, baharia wa Ureno aliyefika Malindi mwezi wa Aprili, mwaka 1498, akapokewa vizuri, akapewa rubani wa kumwongoza mpaka Bara Hindi. Picha zake zimechapwa mara nyingi, na watalii huiendea kila mwaka. Kwa miaka mingi mgeni aliweza kudhani kuwa historia ya Malindi ilianza siku aliposhuka Mreno, kana kwamba waliompokea walikuwa wamekaa ufuoni bila ya kazi wakimngojea.

Nyingine ni sanamu ya Mekatilili wa Menza, mwanamke wa Kigiriama. Mwaka 1913 Serikali ya kikoloni ilipotaka kodi na vijana wa kufanya kazi mbali na kwao, alizunguka vijiji akicheza ngoma ya kifudu, ngoma ya msiba, mpaka watu wakakusanyika kumsikiliza, wakala kiapo cha kutotii. Alikamatwa pamoja na mzee Wanje wa Mwadori Kola, wakapelekwa uhamishoni magharibi ya nchi. Wakatoroka, wakarudi pwani kwa miguu. Mwaka 1914 Waingereza walilipua Kaya Fungo kwa baruti, na Wagiriama wakaingia vitani. Sanamu ya mwanamke huyo ilifunuliwa katika bustani ya Malindi tarehe 20 Oktoba 2010, na bustani ikapewa jina lake. Miaka karibu mia moja ilipita kati ya tendo na sanamu.

Angalia jambo moja. Waliosimamisha sanamu ya Mekatilili hawakubomoa nguzo ya da Gama. Nguzo ile nayo ni shahidi, japo wa upande mmoja. Na hakimu mwenye busara hamfukuzi shahidi wa upande mmoja, humwita na wa pili. Mtoto wa Malindi wa leo anaweza kutembea kutoka nguzo hadi sanamu, akajiuliza njiani: mmoja alipita, kwa nini alikumbukwa upesi? Mwingine alizaliwa katika nchi hii, kwa nini alingoja sana? Swali hilo ni somo kubwa kuliko jibu lolote ambalo mwalimu angaliweza kuliandika ubaoni. Tena ni somo linalomfikia kila mtu. Kibarani pana shule ya watoto wasiosikia. Mtoto wa namna hiyo hawezi kukaa kibarazani usiku akasikia sauti ya bibi akisimulia. Lakini sanamu, picha na mchoro husema na macho yake bila ya mkalimani. Basi msanii akisema uongo, humdanganya na yule asiye na sikio la kusahihishia.

Hapa yatatokea mashaka mawili, nayo ni ya haki.

Shaka ya kwanza husema: historia ina majeraha, kwa nini msanii atonese kidonda kilichokwisha kufunga? Kweli pwani yetu ina kidonda. Malindi iliyofufuka katika miaka ya 1860, katika utawala wa Sultani Majid wa Unguja, ilikuwa na mashamba makubwa ya mtama na ufuta, na nafaka yake ilipelekwa Arabuni kwa majahazi. Mashamba yale yalilimwa na watumwa. Baadhi yao walitoroka wakaenda kukaa bara, Fuladoyo na penginepo. Na utumwa haukuondolewa katika sheria za pwani ya Kenya hadi mwaka 1907. Katika watu wanaokaa pamoja leo wamo wajukuu wa mabwana na wajukuu wa watumwa, nao huoana, huzikana na huuziana samaki. Je, si afadhali kunyamaza?

Mimi nadhani kunyamaza kwa adabu ni kwema kwa siku ya kwanza ya msiba, si kwa miaka yote. Mficha maradhi, kifo humuumbua. Unguja, huko Mkunazini, kanisa kuu la Kianglikana lilijengwa mahali palipokuwa soko la watumwa. Mwaka 1998 mchongaji Clara Sörnäs aliweka hapo shimo, na ndani yake sanamu za watu watano waliofungwa minyororo shingoni. Hawamshitaki mtu kwa jina, wala hawapigi kelele. Wamesimama chini kuliko anayewatazama, na yeye hulazimika kuinamisha uso. Msanii mwingine, Lubaina Himid, aliyezaliwa Unguja mwaka 1954 na kukulia Uingereza, mwaka 2004 aliunda watu 100 wa mbao waliochorwa, kila mmoja na kimo cha mtu mzima, kuwa mfano wa watumwa na watumishi Waafrika waliopelekwa katika majumba ya wakubwa wa Ulaya. Kila mmoja alipewa jina lake la asili, na jina alilobandikwa na bwana wake, na kazi aliyoijua kabla ya kuuzwa. Mwaka 2017 msanii huyo alipata tuzo ya Turner, iliyo kubwa katika sanaa ya Uingereza. Watu wa mbao, wamesimama wima, kila mmoja na jina lake: je, hukumbuki kigango? Sisemi kuwa alikiiga. Nasema kuwa haja ya kibinadamu ni moja, na heshima huanzia katika jina. Sanaa ya namna hii haitonesi kidonda, hukiosha.

Shaka ya pili ni ya tumbo, nayo ni nzito zaidi. Kijana husema: ukweli hauuziki, mtalii ananunua twiga, hanunui machozi, nami nina mama na ndugu wadogo. Sitamcheka kijana huyo. Mgeni njoo, mwenyeji apone, ni methali yetu, na kuchonga twiga kwa kuuza si dhambi. Ni biashara ya halali kama kuuza nazi. Kosa huingia pale mtu anapochukua kisichouzwa akakipa bei: anapong'oa cha wafu, au anapomwuzia mgeni uongo juu ya watu wake na kuuita historia. Nazi huuzwa, mnazi wa ukoo hauuzwi kwa sababu ya njaa ya siku moja. Usiache mbachao kwa msala upitao. Tumeona miaka ambayo watalii hawakuja, na aliyekuwa hana ila kivuli cha kuwauzia alibaki na kivuli.

Tena si kweli kuwa ushahidi hauwezi kulisha wala kupendeza. Huko Lamu, fundi Ali Skanda, mjuzi wa kuunda majahazi na kuchonga milango, aliongoza kazi ya kuunda chombo kwa takataka za plastiki zilizookotwa katika fukwe na miji, wakakivika vipande vya makandambili vya kila rangi. Chombo hicho, Flipflopi, kilishushwa majini mwaka 2018, na mwaka 2019 kikasafiri kiasi cha kilomita 500 kutoka Lamu hadi Unguja, kikitia nanga njiani na kuwafunza watu habari za uchafu wa bahari. Fikiri lililofanyika. Ufundi ni wa mababu. Mali ya kazi ni aibu ya leo. Na rangi zake zilimvuta mtoto kabla ya kujua kuwa anafundishwa. Huyo ni fundi ambaye hakulia kuwa mbao zimekuwa haba na zama za kale zimekwisha, wala hakuusifu mji mpya huku ukimwaga taka zake baharini. Alichukua kilichobadilika akakipigia misumari juu ya kisichobadilika, na watu wakakipenda.

Kutokana na mifano hii nadhani tunaweza kupata kipimo. Msanii anayetaka kuufanyia mji wake kazi na ajiulize maswali matatu kabla ya kushika patasi au brashi. La kwanza: Nani amesahauliwa katika hadithi hii? Kila mji una da Gama wake, aliyetukuzwa upesi, na Mekatilili wake, aliyewekwa akingoja. La pili: Je, wenyewe wameniruhusu? Maana yako mambo ya kaya na ya makaburini ambayo kuyajua si ruhusa ya kuyaonyesha, na msanii asiyeomba idhini hutofautiana kidogo tu na yule aliyekuja usiku kung'oa. La tatu: Nikiondolewa sifa na malipo, kitu hiki bado kitasema kweli? Likishindwa swali moja katika hayo, kazi yaweza kuwa nzuri kwa macho, lakini deni halijalipwa.

Huenda utaniuliza kwa nini naliita deni. Hakuna mkono uliojifunza peke yake. Mchongaji hutumia mti alioukuta umemea, mapambo aliyoyakuta yamebuniwa, na majina aliyoyakuta yamebebwa na watu kabla yake. Daraja analolichora lilijengwa na vibarua wasioandikwa popote. Hata lugha anayotumia kutajia rangi alipewa bure na mama yake. Aliyepewa vyote hivyo hawezi kusema kuwa jicho lake ni mali yake mwenyewe, alitumie apendavyo. Ni amana, na amana hurudishwa kwa mwenyewe, hata kama mwenyewe ni mji usio na kinywa cha kuidai.

Wewe unayesoma, pengine hutakuwa mchongaji wala mchoraji. Utakuwa karani, mvuvi, muuguzi au mwalimu. Lakini wewe ndiwe utakayetazama, na mtazamaji naye ana sehemu yake ya deni. Sanamu ya kweli huhitaji jicho linalosimama mbele yake na kuuliza. Basi anza na ulipo. Mwendee mzee mmoja wa Kibarani, umsalimu kwa adabu, umwombe akuambie pale penye duka palikuwa nini, na nani alikaa pale kabla ya barabara. Akikuruhusu, andika majina au chora mahali, kisha umwonyeshe, asahihishe. Usiandike alichokuomba kukiacha. Kazi hiyo haitapata tuzo, na karatasi yako yaweza kuliwa na mchwa kama kigango. Si kitu. Kabla haijaliwa itakuwa imesomwa na mmoja, naye atajua kuwa mahali hapo hapakuwa patupu.